Mtumishi Kizimbani: Tunachojifunza katika Tamthilia ya The Silver Box

Kitu cha thamani kikipotea nyumbani, wengi wetu hatuanzi kwa kukitafuta. Tunaanza kwa kuwahesabu walioingia ndani: dada wa kazi, kijana anayemwagilia bustani, mlinzi wa usiku, fundi aliyekuja juzi kutengeneza bomba. Mtoto wa nyumba hahesabiwi. Mgeni aliyekuja na gari lake hahesabiwi. Hesabu hiyo inapokwisha, hukumu nayo imekwisha, na kilichobaki ni kuamua kama tutaita polisi au tutampa binti wa watu nauli na kumpandisha basi arudi kwao Chamwino au Kondoa.

Kwa sababu hiyo nimechagua kuizungumzia tamthilia iliyoandikwa mbali sana na Dodoma, zaidi ya miaka 100 iliyopita, ambayo inalielewa jambo hili kuliko mahubiri mengi niliyoyasikia juu yake. Inaitwa The Silver Box, kazi ya Mwingereza John Galsworthy, na ilionyeshwa mara ya kwanza mwaka 1906 katika ukumbi wa Royal Court jijini London. Kwa Kiswahili tungeiita Kisanduku cha Fedha. Jina hilo linatufaa vizuri, kwa kuwa fedha kwetu ni madini na pia ni pesa, na tamthilia hii inahusu yote mawili. Galsworthy alisomea sheria na akakubaliwa kuwa wakili mwaka 1890, ingawa kazi hiyo hakuipenda. Mwaka 1932 alipewa Tuzo ya Nobel ya Fasihi. Mahakama aliyoiandika ni mahali alipopafahamu.

Huenda msomaji akauliza tamthilia ya namna hii inatafuta nini katika kitabu cha makala za imani, maana haina mhubiri wala sala. Namkumbusha nabii Nathani. Alipotumwa kumwonyesha Mfalme Daudi dhambi yake, hakuanza kwa kumsomea amri. Alimsimulia kisa cha tajiri, maskini na mwanakondoo mmoja (2 Samweli 12). Daudi alikasirika na kutoa hukumu kabla hajajua kwamba kisa kile ni chake. Hadithi nzuri hupita mlango ambao lawama ya moja kwa moja huukuta umefungwa.

Kisa chenyewe

Bwana John Barthwick ni mbunge, ana mali, na anajiona kuwa mtu mwenye huruma kwa wanyonge. Mwanawe Jack anarudi nyumbani usiku wa manane akiwa amelewa. Mkononi ana mkoba wa mwanamke aliyekuwa naye jioni ile. Ameuchukua kwa hasira tu, ili kumkomoa baada ya kukosana. Anashindwa hata kuingiza ufunguo mlangoni. Anasaidiwa na mwanamume mmoja aitwaye Jones, asiye na kazi, ambaye mke wake ni kibarua wa usafi katika nyumba hiyo hiyo. Jack anamkaribisha ndani, anampa pombe, kisha anapitiwa na usingizi. Jones, naye akiwa amelewa, anachukua pochi ya pesa iliyokuwa ndani ya ule mkoba, na kisanduku cha fedha cha kuwekea sigara.

Ni usiku mmoja na chumba kimoja. Walevi ni wawili, na kila mmoja amechukua kitu kisicho chake.

Asubuhi yule mwanamke anafika kudai mkoba wake na pesa zake. Bwana Barthwick anatahayari, anatoa pesa mfukoni, anamlipa, na mwanamke anaondoka. Kesi ya Jack imekwisha hapo, kabla vyombo vya chai havijaondolewa. Muda mfupi baadaye inagundulika kwamba kisanduku hakipo. Nani alikuwa chumbani asubuhi? Mama Jones, aliyekuwa akifagia. Mpelelezi anaitwa.

Nyumbani kwa akina Jones, mama anakiona kisanduku kwa mara ya kwanza kinapodondoka kutoka katika koti la mumewe. Kabla hajajua la kufanya, mpelelezi ameingia. Jones anasema waziwazi kwamba aliyechukua ni yeye na mkewe hahusiki. Mpelelezi anamkamata mama hata hivyo. Jones anamvamia mpelelezi kwa hasira, naye anakamatwa.

Jioni familia ya Barthwick iko mezani kwa chakula. Wanaambiwa kwamba pochi nayo imepatikana. Kama kesi itasikilizwa kwa ukamilifu, habari za Jack na mkoba zitajulikana na magazeti yataandika. Mwanasheria wa familia, Roper, anaitwa. Sasa Bwana Barthwick angependa kesi iachwe, lakini jambo limeshafika polisi. Basi Roper anampanga kijana: sema ulikuwa umelewa na hukumbuki kitu. Wakiwa katika mashauri hayo wanasikia mtoto analia nje, gizani. Ni mtoto wa Mama Jones, amekuja kumtafuta mama yake. Dirisha linafungwa.

Mahakamani, Roper yupo kumlinda Jack, ingawa Jack ni shahidi tu. Mume na mke waliomo kizimbani hawana wakili. Kila pochi inapokaribia kutajwa, mazungumzo yanageuzwa. Mama Jones anaachiwa huru. Jones anahukumiwa kifungo cha mwezi mmoja na kazi ngumu, na anapotolewa anapaza sauti akiuliza mbona mwenzake naye alilewa, naye alichukua, na pesa zimemtoa. Mama anamgeukia Bwana Barthwick kwa neno moja la kusihi. Mbunge anafanya ishara ya aibu ya kukataa, na kuondoka upesi.

Hukumu iliandikwa wapi?

Msomaji anayetafuta hakimu mla rushwa katika tamthilia hii hatampata. Hakimu hakuhongwa. Anauliza maswali yake kwa adabu, na kwa yale yaliyoletwa mbele yake hakukosea sana. Jones aliiba kweli. Jones alimpiga askari kweli. Mama hakuiba, na hakimu akamwachia. Ukiisoma hukumu hiyo peke yake, unaweza kusema mahakama imefanya kazi yake.

Dhuluma iko katika kile ambacho hakikufika mahakamani. Kulikuwa na wizi wa aina mbili katika nyumba ile. Mmoja ulimalizwa kwa pesa za baba, mwingine ukapelekwa polisi. Hakimu huhukumu kilicholetwa, na mwenye uwezo ndiye aliyechagua kiletwe nini. Kwa hiyo tunapokaa katika ukumbi wa mahakama katika sehemu ya tatu ya tamthilia, tunatazama mwisho wa jambo lililoamuliwa mezani.

Galsworthy anaongeza kitu kinachomfanya Bwana Barthwick atusumbue zaidi. Mapema katika tamthilia, Jack amekwisha kuingia matatani kwa kutoa hundi isiyo na pesa benki, na baba yake mwenyewe anamwambia kwamba kama angekuwa mtoto wa maskini angeshtakiwa. Baba anajua. Hana haja ya kuelimishwa juu ya tofauti kati ya tajiri na maskini mbele ya sheria. Anaweza kuitolea hotuba bungeni. Tatizo lake ni kwamba siku ile ujuzi huo ulipotaka kumgharimu jina lake, aliufunga pamoja na dirisha.

Hapo ndipo mimi naona tamthilia inatuhusu. Waumini wengi hatukosi mafundisho juu ya haki. Tumesoma Yakobo 2 juu ya mtu mwenye pete ya dhahabu na maskini mwenye mavazi mabovu. Tumesoma Kumbukumbu la Torati 24 juu ya ujira wa kibarua usiolala mikononi mwa mwajiri. Mtihani unakuja saa ile simu haionekani, au noti zimepungua kwenye pochi, na mtoto wetu mwenyewe yumo ndani ya nyumba.

Dirisha

Naomba tukae kidogo kwenye lile dirisha, kwa kuwa kwa maoni yangu ndilo lililo kiini cha kazi hii.

Mwandishi hamleti yule mtoto jukwaani. Tunamsikia tu. Sisi watazamaji tunakuwa katika nafasi ile ile ya familia iliyoko mezani: tunasikia kilio na hatumwoni anayelia. Kila mmoja chumbani anajua ni mtoto wa nani na anatafuta nini. Hakuna anayebisha kwamba mtoto ana shida. Kinachowasumbua ni kwamba sauti yake inafika hadi mezani, wakati wanaamua namna ya kumwokoa mtoto wao.

Mji wetu umekua haraka tangu Serikali ilipohamia hapa, na Dodoma ikatangazwa kuwa jiji mwaka 2018. Nyumba nzuri zimejengwa Ilazo, Kisasa, Iyumbu na kwingineko, na nyingi zina msichana au mwanamke anayefua, anayepika na anayelea watoto wetu. Wengi wametoka vijijini katika mkoa huu huu na mikoa jirani, mahali ambapo mvua ikikataa mwaka mmoja mtama hauvunwi na vijana wanatoka kutafuta kazi. Baadhi yao wana watoto walioachwa kwa bibi. Kama mama wa mtoto huyo akifukuzwa leo kwa tuhuma, na mshahara wake wa miezi miwili ukazuiwa kufidia kilichopotea, mtoto wake atalia huko Bahi au Mpwapwa, na sisi hatutalazimika hata kufunga dirisha. Umbali umeshatufungia.

Mshtakiwa si malaika

Jambo la pili ninaloliheshimu katika tamthilia hii ni kwamba mwandishi hakumpamba mshtakiwa wake. Jones ni mlevi. Anampiga mke wake. Alichukua vile vitu kwa chuki zaidi ya njaa, na anakiri hivyo. Ingekuwa rahisi kutuletea baba mpole aliyeiba mkate ili watoto wale, nasi tukalia na kurudi nyumbani tukiwa tumeridhika. Galsworthy anakataa. Anatupa mtu ambaye hatumpendi, kisha anatuuliza kama yeye naye anastahili kupimwa kwa mizani ile ile anayopimiwa Jack.

Maandiko yanakubaliana naye. Walawi 19:15 inakataza kumpendelea maskini kama inavyokataza kumstahi mwenye nguvu. Mithali 6:30–31 inamtazama mwizi mwenye njaa bila kumdharau, lakini inasema akipatikana atalipa. Hakuna mahali tunapoambiwa kwamba haki ni zawadi kwa maskini mwenye tabia njema. Katika mazungumzo yetu, mara tunaposikia kwamba dada wa kazi alikuwa na ulimi mkali au kijana wa bustani alikuwa mnywaji, tunalegeza kamba ya ushahidi. Tunasema, kwa tabia ile, hata kama si hili, lipo lingine. Hiyo siyo hukumu juu ya wizi. Ni hukumu juu ya mtu, na hatukupewa kazi hiyo.

Sheria yetu wenyewe inastahili kutajwa hapa. Ibara ya 13 ya Katiba ya mwaka 1977 inataka mtu asikilizwe kwa ukamilifu, na anayeshtakiwa kwa kosa la jinai asitendewe kama mkosaji mpaka ithibitike. Upande mwingine, Kanuni ya Adhabu, katika kifungu cha 271, inaufanya wizi wa mtumishi dhidi ya mwajiri wake kuwa kosa la peke yake, lenye adhabu nzito kuliko wizi wa kawaida. Sababu inaeleweka: mtumishi ameaminiwa, amepewa funguo, na anayevunja imani hiyo amevunja zaidi ya kabati. Sina ugomvi na hilo. Nakumbusha tu kwamba imani hiyo ina pande mbili. Msichana wa miaka 19 anayelala nyumbani kwako, ambaye jina lake jema ndiyo mali yake pekee, naye amekukabidhi kitu.

Pale tamthilia inapopungua

Nisingekuwa mkweli kama ningesema kazi hii haina kasoro.

Kwanza, mizani yake imesawazishwa mno. Jack analewa, Jones analewa. Jack anachukua, Jones anachukua. Mmoja ana baba, mwingine hana. Kila kitu upande huu kina mwenzake upande ule, mpaka mtu anahisi mkono wa mwandishi ukipanga vitu mezani. Maisha hayapangiki hivyo. Mara nyingi tajiri hakuiba chochote usiku ule, na maskini naye hakuiba. Kitu kimeanguka nyuma ya kitanda, na kitapatikana baada ya miezi mitatu wakati wa kupaka rangi.

Pili, na hili ni zito zaidi, aliyeonewa kuliko wote ndiye aliyepewa maneno machache yenye nguvu. Mama Jones hakuiba, hakulewa, hakupigana. Amefanya kazi tangu asubuhi na kupigwa na mumewe usiku. Lakini anapozungumza, anazungumza kwa unyonge, akieleza hali ya mumewe. Kelele ya haki mahakamani inapigwa na Jones. Mtu anaweza kumtetea mwandishi kwamba ndivyo ilivyo: mwanamke wa hali ile hapigi kelele. Nakubali kwa sehemu. Hata hivyo nimebaki na shaka kwamba tamthilia inayotulaumu kwa kulifunga dirisha imemfungia na yeye nje.

Tatu, hakuna anayetubu. Kila mtu anatoka mahakamani kama alivyoingia, isipokuwa Jones anayekwenda jela. Galsworthy anaona ugonjwa kwa jicho la daktari, lakini mkoba wake hauna dawa. Miaka 4 baadaye, mwaka 1910, aliandika tamthilia nyingine, Justice, juu ya karani kijana aliyegeuza hundi ya pauni 9 ikasomeka 90. Onyesho la karani huyo akiwa peke yake katika chumba cha gereza liliwagusa watu, na Winston Churchill, aliyekuwa Waziri wa Mambo ya Ndani, alipunguza muda wa wafungwa kutengwa. Hilo si dogo. Lakini hata humo, karani anapotoka gerezani hapati mahali pa kurudi, na mwisho wake ni kifo. Mwandishi aliweza kubadili kanuni za gereza. Hakuweza kuonyesha nyumba inayompokea mtu aliyetoka huko.

Aliyesimama

Hapo ndipo ninapoliona pengo ambalo Biblia inalijaza. Katika Mwanzo 44 kuna kesi inayofanana na hii kwa namna ya kushangaza. Watu wenye njaa wamekuja kununua nafaka. Wanapoondoka wanafuatwa na kushtakiwa wizi, na kitu kinachotafutwa ni kikombe cha fedha. Magunia yanapekuliwa kuanzia la mkubwa hadi la mdogo, na kikombe kinapatikana katika gunia la Benyamini. Ushahidi umekamilika, kama ulivyokamilika dhidi ya Mama Jones, nao ni wa uongo, maana kikombe kiliwekwa humo kwa amri ya mwenye nyumba. Na mwenye nyumba huyo ni Yusufu, ambaye yeye mwenyewe, akiwa mtumishi kwa Potifa, alitupwa gerezani kwa ushahidi wa vazi, na hatusomi kwamba aliulizwa lolote (Mwanzo 39).

Kinachogeuza kesi hiyo ni Yuda. Hana namna ya kubishana juu ya kikombe, kwa kuwa hajui kilifikaje pale. Anasogea mbele na kusema habari za baba mzee anayesubiri nyumbani, kisha anaomba abaki yeye kuwa mtumwa, kijana arudi. Kwa maneno mengine, Yuda anamfungulia mwenye nyumba dirisha ili asikie anayelia kule mbali. Yusufu anashindwa kujizuia.

Wengi tuliosoma Mabepari wa Venisi, tafsiri ya Mwalimu Nyerere iliyotoka mwaka 1969, tunakumbuka pia mahakama ambamo mtu anaokolewa na mtetezi asiyetarajiwa. Lakini mtu yule alikuwa mfanyabiashara mwenye marafiki. Katika mahakama ya Galsworthy hakuna Yuda. Mtetezi yupo, naye amelipwa amlinde mtu ambaye hakushtakiwa.

Halafu kuna waraka wa Filemoni. Paulo anamrudisha Onesimo kwa bwana wake, na anaandika kwamba kama kuna alichodhulumu au deni lolote, liandikwe juu yake Paulo. Wafasiri wengi wameona hapo uwezekano kwamba Onesimo aliondoka na kitu cha Filemoni. Hebu tulinganishe. Bwana Barthwick naye alilipa deni la mwingine. Alitoa pesa mfukoni kwa ajili ya kosa la mwanawe. Matendo mawili yanafanana kwa nje. Lakini Barthwick alilipa ili jambo lisijulikane, Paulo aliandika deni wazi katika barua iliyosomwa na kanisa la nyumbani. Barthwick alilipa ili mwanawe asibadilike, Paulo ili mtumwa apokelewe kama ndugu. Si kila anayelipa deni la mwenzake anatenda neema.

Kesi bila mahakama

Nimalizie nyumbani kwetu. Mwaka 2025 Abdulrazak Gurnah, mzaliwa wa Zanzibar aliyepata Tuzo ya Nobel mwaka 2021, alitoa riwaya iitwayo Theft, yaani Wizi. Mmoja wa wahusika wake wakuu ni Badar, kijana mtumishi wa nyumbani Dar es Salaam, anayetuhumiwa wizi ambao hakuufanya na kuondolewa. Hakuna kizimba wala hakimu. Nadhani Gurnah ameandika kesi ya kwetu kwa usahihi zaidi, maana kwetu tuhuma nyingi za namna hii huishia sebuleni. Mama Jones alikuwa na bahati moja ambayo binti anayepandishwa basi hana: mtu mwenye mamlaka alitamka hadharani kwamba ameachiwa. Binti wa kwetu anarudi kijijini na tuhuma isiyokuwa na siku ya kufutwa.

Sheria imejitahidi. Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya mwaka 2004 inataka mwajiri awe na sababu halali na afuate utaratibu wa haki kabla ya kumwachisha mtu kazi. Sheria ya Msaada wa Kisheria ya mwaka 2017 imewatambua wasaidizi wa kisheria wanaoweza kumsaidia asiye na uwezo wa kumlipa wakili. Tangu mwaka 2021 Kiswahili ndiyo lugha ya mahakama zetu. Viongozi wa sharika wafahamu mambo haya na kuyatangaza. Lakini sheria hizo zote zinaanza kazi baada ya mtu kutoka nje ya geti letu. Ndani ya geti, anayesikiliza kesi ni wewe.

Basi nina maombi machache kwa wasomaji wenzangu. La kwanza, tumwulize mtumishi kama tunavyomwuliza mtoto wetu, kwa sauti ile ile, na tumwulize mtoto wetu pia. La pili, tusizitumie sala za asubuhi kama mkutano wa mashtaka, kumwomba Bwana kwa sauti kubwa amfichue mwizi huku mtu mmoja tu chumbani akijua ni yeye anayesemwa. La tatu, tusitamke neno mwizi barabarani. Wote tunajua wananchi wenye hasira wanaweza kufanya nini kabla askari hajafika. La nne, mshahara wa kazi iliyokwisha kufanyika ulipwe, hata kama tumeamua kuachana. Na la tano ni la kanisa lenyewe: sadaka inapopungua, tusianze na mlinzi na mfagizi wakati funguo za sanduku wanazo wengine.

Ayubu, alipokuwa akijitetea mbele za Mungu, hakutaja ibada zake tu. Katika sura ya 31, mstari wa 13 hadi 15, anataja mtumishi wake wa kiume na wa kike walipokuwa na daawa naye, na anajiuliza: kama angelidharau shauri lao, angejibu nini Mungu atakaposimama? Msingi wa hoja yake ni kwamba aliyemuumba yeye tumboni ndiye aliyemuumba na mtumishi. Ayubu ndiye mwajiri katika kesi hiyo, na ndiye anayejiweka kizimbani.

Vikundi vya akina mama, vijana na wanaume vinavyotaka kuitumia tamthilia hii havina haja ya jukwaa. Someni lile onyesho la mezani, watu watano au sita wakigawana sehemu, na mmoja akae nje ya mlango alie kama mtoto. Kisha ajadiliwe Mama Jones, siku moja baada ya kuachiwa huru. Hakimu amemaliza kazi yake. Mama amesimama nje ya mahakama bila kazi, watoto nyumbani hawajala, na waliokuwa waajiri wake wanapanda gari kurudi nyumbani. Semeni ni nani katika usharika wenu atakayekwenda kumwita, atamwambia nini, na Jumatatu atafanya kazi kwa nani.